Swali Ambalo Rebecca Hakuulizwa

Leo ni Jumanne, tarehe kumi na mbili Novemba, mwaka 2019, saa nne na dakika kumi asubuhi. Nimelala chumba cha chini cha nyumba yetu ya Mirdif, Dubai. Jina langu ni Khelef, umri wangu miaka sabini na mmoja, na daktari amesema mapafu yangu hayatamaliza mwezi. Waliomo chumbani ni wanangu wawili, Hilwa na Talal, na mwanamke aliyeshika kinasa sauti, ambaye jina lake ni Loise. Nimemwomba asikate chochote nitakachosema, hata kikohozi.

Sikilizeni, wanangu. Talal, kaa. Najua unataka kuuliza mwanamke huyu anafanya nini katika chumba cha baba yako siku kama hii, ilhali kwa miaka saba nimekuambieni kwamba alituibia. Hakuiba. Nalisema hili mwanzo kwa kuwa sijui pumzi zangu zitafika wapi. Loise hakuchukua kitu chetu hata kimoja. Mimi ndiye niliyeeneza kwamba ameiba, na nilifanya hivyo kwa sababu alikuwa anajua jambo langu.

Mali yangu haina maneno mengi. Vya kurithiwa sheria imekwisha kuvigawa, na mimi si mjuzi kuliko sheria. Nyumba hii ni ya kupanga, mnalijua hilo. Sehemu yangu katika duka la babu yenu pale Al Ras mwachieni ami yenu Aidarus, ambaye sikusema naye miaka sita kwa sababu ya neno moja. Siku niliyorudi na tuzo aliniambia mbele ya wateja wake, "Khelef, mimi nauza karafuu, na mteja wangu huinusa kwanza. Wewe unauza kitu ambacho mnunuzi hawezi kukinusa." Watu walicheka, nami nikatoka dukani nimevimba. Mpigieni leo. Mwambieni ndugu yake amesema alikuwa na haki ya kucheka.

Ama kampuni, nilikuandikisheni ninyi wawili tangu mwaka juzi nilipougua mara ya kwanza. Filamu zote kumi na nne ni zenu kwa karatasi. Ndiyo maana leo nasema kwa kuomba. Nikiamrisha mnaweza kunicheka, kwa kuwa sina tena mkono juu ya kitu chochote. Keshokutwa Alhamisi mnatia saini na kampuni ya Marekani inayoitaka filamu ya "Mji Ulionyamaza", ionyeshwe huko mwaka ujao, mwaka wa uchaguzi wao. Talal ameihangaikia kazi hiyo mwaka mzima, na ameifanya vizuri. Mimi nakuombeni msitie saini. Nakuombeni muiondoe filamu hiyo popote inapoonyeshwa, na muandike kwa majina yenu kwa nini. Barua ninayo, Hilwa aliniandikia jana kwa Kiingereza. Iko chini ya mto. Ngojeni kwanza niseme.

Nilikwenda Marekani mara ya kwanza mwaka 1992. Nilitoka katika chumba cha habari cha redio, mahali ambapo mkubwa wetu alikuwa akikurudishia karatasi kama umeandika "inasemekana" bila kutaja nani amesema. Nilidhani nakwenda kuwaeleza watu wetu jinsi taifa lile linavyojitawala. Filamu ya kwanza na ya pili zilikuwa hivyo, na hakuna aliyezitazama. Ya tatu nilimpata mzee mmoja mwenye bunduki kumi na saba ukutani, nikamwacha aseme, na simu zikaanza kulia. Tangu hapo nikawa nafunga safari nikiwa na orodha: mwenye bunduki mmoja, mama wa kanisani mmoja, kijana asiye na kazi, na mtu wa kutoa machozi. Tulikuwa hatujakata tiketi na tayari tunajua watakachotuambia.

Msidhani wao walikuwa wanaonewa na sisi peke yetu. Mwaka 2010, katika jimbo moja la kusini ambalo silitaji, msaidizi wa mgombea mmoja alinipa karatasi yenye majina arobaini na namba za simu, na mbele ya kila jina limeandikwa jambo lililompata mtu huyo: amefiwa na mtoto kwa madawa, kiwanda kimefungwa, benki imechukua nyumba. Mwisho wa mstari palikuwa na kisanduku. Nikamuuliza kile cha nini. Akaniambia, "Hicho ni kama analia mbele ya kamera. Ndiyo au hapana." Alisema huku anakula sandwichi. Na mgombea wake mwenyewe nilimfuata vituo vitatu kwa siku moja, akalia katika vituo vyote vitatu, neno lile lile, mkono ule ule machoni. Jioni hotelini niliuosha mara mbili mkono niliompa, kwa kinyaa. Asubuhi nikaichukua karatasi yake nikawapigia wale walioandikiwa ndiyo.

Chama cha pili kilikuwa na karatasi nzuri zaidi, imechapwa kwa rangi.

Na sisi huku tulikuwa nani? Mimi najua nilikuwa nauza nini. Nilikuwa namuuzia mtu wa mji huu raha ya kukaa sebuleni, kahawa mkononi, akiwatazama wale wakubwa wa dunia nao wameoza, akalala vizuri. Tulikuwa tukitikisa vichwa kwa ubaguzi wa Ohio katika nyumba hii hii, na Nunu anayetupikia analala chumba cha nyuma ya jikoni ambacho hakina dirisha. Miaka kumi na mmoja. Nilitengeneza filamu nzima juu ya vibarua wa Kimeksiko wanaolala wanane chumba kimoja, nikaihariri ghorofani, na Nunu ndiye aliyekuwa akiniletea chai. Hilwa, usilie. Ahamishiwe chumba cha juu leo, msingoje nife.

Niko sawa. Nipe maji.

Sasa Rebecca. Mwaka 2012, wakati wa uchaguzi wao, tulikwenda mji mmoja mdogo wa Ohio. Familia za Kisomali zilikuwa zimehamia pale kufanya kazi katika kiwanda cha kuchinja kuku. Zilipanga nyumba zikaifanya mahali pa kusalia, na mwezi wa nne nyumba ile ikachomwa moto. Hakuna aliyeumia. Aliyechoma hajajulikana mpaka leo. Sisi tulifika mwezi wa kumi. Rebecca alikuwa mtu wa maktaba, miaka hamsini na minane, na kila Jumatano alikuwa akiwafundisha watoto wa Kisomali kusoma. Nyumba ilipoungua yeye ndiye aliyewafungulia maktaba wasali humo Ijumaa mbili, mpaka wakubwa wake walipomkataza. Alizungumza nami saa mbili. Katika saa mbili zile hakumsema mtu vibaya, na mimi nikiwa nimekaa mbele yake nilikuwa nawaza kwamba hanifai.

Talal, wewe unaijua kazi, lakini Hilwa haijui, kwa hiyo namwambia yeye. Mahojiano yakimalizika, kabla mtu hajainuka, tunamwomba akae kimya nusu dakika na kamera inaendelea kunasa. Tunarekodi chumba: feni, friji, gari la mbali. Tunakiita kimya cha chumba. Mhariri wa picha hukitumia kuziba pale alipokata maneno, sikio lisishtuke. Ni kiraka tu, hakina maana yoyote. Nikamwambia Rebecca, "Kaa tu, usiseme kitu, tazama popote." Akasema, "Hiyo ndiyo kazi yangu, mimi ni mtu wa maktaba." Mpiga picha akacheka. Kisha Rebecca akanyamaza, akatazama chini, akawa anaizungusha pete kidoleni. Mumewe alikuwa amezikwa mwezi wa nane, na alikuwa ametoka kunieleza hilo dakika moja kabla. Macho yake yalilowa.

Tukarudi Dubai. Sulaiti, aliyekuwa mkuu wa vipindi wa stesheni ya televisheni iliyotuagiza filamu, akaitazama akaniambia, "Khelef, nzuri, lakini pigo liko wapi? Watu wema hawatazamwi, ya akhi. Yalla, haraka, nipe kitu. Alhamisi tunaifunga, khalas." Simlaumu Sulaiti. Yeye aliomba kitu, hakusema kitu gani. Nilichofanya nilikifikiria mwenyewe, ndani ya gari, kwenye mataa. Niliingia studio nikarekodi sauti yangu ikiuliza kwa Kiingereza: "Rebecca, unamjua aliyechoma nyumba ile?" Nikatoka nikampelekea Loise, aliyekuwa mhariri wangu wa picha, nikamwambia aliweke swali hilo, na baada yake aweke Rebecca akitazama chini, sekunde kumi na moja.

Loise, sema kama nakosea. Anatikisa kichwa. Basi haya ndiyo aliyoniambia, na nayasema kama alivyoyasema: "Sir, huyu mama hakuulizwa hii kitu."

Nikamwambia najua.

"Hii ni kimya ya chumba, sir. Anamuwaza bwanake."

Nikamwambia, "Loise, kazi yako ni kukata."

Akasema, "Nimekata miaka saba, sir. Hii siyo kukata. Hii ni kumwekea mtu maneno kwa mdomo, tena bila maneno." Akavua vipaza vya masikioni, akaviweka mezani taratibu, akasema, "Basi kaa wewe." Nikakaa mimi. Haikunichukua dakika kumi.

Viza yake ilikuwa ya kampuni, nami nikaifuta. Kwa mji huu hilo linatosha, sina haja ya kulieleza. Aliomba barua ya kumsifia apate kazi kwingine, nikamnyima, na alipoulizwa na watu wengine nikasema ameondoka na nakala ya picha zetu, ili akija kusema lolote aonekane mwizi anayejitetea. Alirudi kwao Voi. Miaka mitatu baadaye akapata njia ya kurejea, na sasa anakaa Jumeirah Village Circle, anahariri matangazo ya maghorofa. Nilimpigia wiki iliyopita. Akaniuliza, "Unataka nini sasa, sir?" Nikamwambia nataka aje na kinasa sauti. Akasema, "Nitakuja na changu. Cha kwako sikiamini." Ndicho hicho alichokishika.

Filamu hiyo, ndiyo "Mji Ulionyamaza", ikatoka Februari 2013. Mmeitazama. Ninyi, na mama yenu Shifaa, Mungu amrehemu, mlikaa hapo sebuleni, na ilipofika pale, sekunde zile, mama yenu alisema, "Tazama, anajua huyu." Nikasema, "Enhe." Tulipewa tuzo kwa ajili ya sekunde zile. Waliotoa waliandika kwamba ule ni unyamavu unaosema kuliko hotuba. Kule Marekani kipande kile kikakatwa peke yake kikazunguka kwenye simu, na kila upande ukakitumia kuusema upande wa pili. Polisi walimhoji Rebecca siku tatu. Wale wa mji wake waliochukia Wasomali walimwita mnafiki. Na akina mama wa Kisomali, ambao aliwafungulia mlango, waliacha kumpelekea watoto Jumatano. Mwezi wa tano maktaba ikamwambia apumzike, na hajarudi tena.

Aliniandikia barua tatu. Zipo kabatini, kwenye bahasha ya kaki, pamoja na diski ya mahojiano yote kama yalivyorekodiwa. Mimi nimezisoma mpaka nazijua. Ya kwanza ya Machi anasema: "Bwana Khelef, nimeitazama filamu mara nne. Sikumbuki kuulizwa swali lile. Lakini naona nimeulizwa, na naona nimenyamaza. Tafadhali niambie uliniuliza wakati gani, na kama nilionekana mgonjwa." Mnasikia? Hakuniita mwongo. Hakulifikiria hilo. Alijishuku mwenyewe. Ya pili ya Juni anasema amekwenda kwa daktari kupimwa kumbukumbu, daktari hakuona kitu, lakini yeye hamuamini daktari kwa kuwa amejiona kwa macho yake. Ya tatu ni ya mwaka 2014, mistari mitatu. Anasema labda alijibu na sisi tukalikata jibu, na kama ni hivyo nimpelekee. "Hata kama nilisema jambo baya," anasema, "nataka kujua nilisema nini."

Sikujibu hata moja. Nilikuwa na shughuli. Nilikuwa nakwenda kila mahali nikialikwa, nasimama mbele ya vijana wa uandishi nawaambia kwamba kazi yetu ni kuwapa sauti wasio na sauti. Nilikuwa nikilisema neno hilo bila haya. Linanisumbua sasa. Miaka yote ile nilidhani naichukia Marekani, siasa yao, wagombea wao na machozi yao, na kumbe nilikuwa nimekwenda kule kujifunza, nikafaulu kuwashinda. Yule wa sandwichi angalau aliwaandika wanaolia kweli.

Talal anasema watu wote wa kazi hii hufanya hivyo. Ni kweli, mwanangu. Nimekaa nao. Husimuliana mezani na hucheka, nami nimecheka. Sasa anasema, "Baba, ni sekunde kumi na moja. Filamu ina dakika tisini za kweli." Dakika hizo tisini hakuna anayezikumbuka. Na anasema, "Watu watakuita mwongo baada ya kufa, na hutakuwepo kujitetea, tutakuwepo sisi." Hapo ndipo ulipo moyo wake, na simlaumu, jina langu ndilo analotumia kuombea kazi. Lakini Talal, hilo jina unaloliogopea limekaa juu ya jina la mtu mwingine miaka sita. Mungu nikimwomba msamaha naweza kumwomba hapa hapa kitandani. Haki ya mja Mungu hanisamehei, mpaka mwenye haki anisamehe, na mwenyewe yuko Ohio, ana miaka sitini na mitano, anadhani akili yake ilimtoka siku moja mbele ya kamera. Hajui kuna kitu cha kunisamehe. Hilo ndilo linalonikaba kuliko mapafu.

Nipandishieni mto kidogo. Hivyo.

Nitakayokuombeni ni haya, na nitasema mara moja. Filamu iondolewe. Yale mahojiano ya saa mbili apelekewe Rebecca mazima mazima, na Loise ndiye atakayeyapeleka, kwa kuwa yeye peke yake ndiye mtu wa kampuni yetu anayeweza kumtazama usoni. Nakala ziende kwa msikiti wa Wasomali wa mji ule, na kwa maktaba. Tuzo irudishwe kwa waliotoa. Msiiweke kabatini mkasema mtairudisha. Zile filamu kumi na tatu fanyeni mtakavyo, mimi sina hamu nazo. Nizikeni Al Quoz, siku hiyo hiyo, bila picha zangu ukutani na bila mtu kusimama kusema nilikuwa mwandishi wa namna gani. Madeni ya fedha sina. Kwa Loise msinitakie radhi ninyi, nimemtaka radhi mwenyewe jana kwa simu, akasema, "Nimesikia, sir." Hakusema zaidi, na hana wajibu wa kusema zaidi.

Hilwa, mwanangu, wewe umenitunza miezi hii bila kuniuliza chochote. Mungu akuweke mbele ya watu wanaokuuliza kwanza kabla ya kukuamulia. Talal... Talal, wewe una mkono mzuri wa kazi kuliko mimi, nimelijua siku nyingi na sikukwambia. Mungu akupe riziki usiyohitaji kuificha. Radhi zangu mnazo nyote wawili, mkisaini au msiposaini. Hizo sizifungi na barua.

Hilwa, itoe. Mpe ndugu yako aisome.

Anasoma.

Loise, usizime, bado kidogo. Natafuta pumzi tu.

Talal anasema, "Baba, hapa umeandika 'kosa la uhariri'."

Ndiyo.

Anasema, "Ulikosea?"

Mtoto ananiuliza. Nitamjibu. La. Sikukosea. Niliambiwa na Loise, nikasema najua. Hilwa hakuandika neno lile kwa kutaka kwake, mimi ndiye niliyemtajia jana, na nilipolitaja niliona linakaa vizuri. Bado nakata, mnaona? Hata hapa. Lifute, baba. Chukua kalamu ulifute.

"Niandike nini?"

Andika hakuulizwa. Andika... swali lilirekodiwa Dubai, baada. Andika baba yetu alijua. Andika uongo, ndilo neno lake, lipo kwa Kiingereza pia.

Ameandika. Amempa Loise asome. Loise anasema, "Sasa ni sawa." Hakuniita sir.

Hilwa ametia saini. Talal... ameiweka juu ya goti... ametia saini. Hilwa ameipiga picha kwa simu, ameituma kwa ile kampuni ya Marekani, na kwa anwani ya barua pepe ya Rebecca iliyo juu ya barua ya tatu. Nimeomba nionyeshwe. Nimeonyeshwa. Imekwenda saa tano na dakika ishirini na moja.